Faiba ikikatwa na jembe: Jinsi ganda linavyoambuliwa na nyuzi za kioo kuungwa upya

MKULIMA wa Mboghoni anayezibua mfereji wa maji katika shamba lake la migomba hana sababu ya kufikiria habari za intaneti. Jembe likigonga kitu cheusi kigumu, mfano wa mpira mwembamba wa maji, atainama akitazame. Ataona mkwaruzo tu. Hakuna cheche wala moshi, na simu iliyo mfukoni mwake huenda ingali na mtandao kama kawaida. Atakifukia, aendelee na kazi yake.

Ikiwa kitu hicho ni kebo ya faiba, basi kukifukia kimyakimya kunaweza kuleta hasara kubwa kuliko pigo lenyewe la jembe. Ili kuelewa kwa nini, hatuna budi kuichungulia kebo hiyo ndani, na kumfuata fundi tangu anapoliambua ganda lake hadi anapolifunga tena.

Wadi ya Mboghoni imo katika eneobunge la Taveta, Kaunti ya Taita Taveta, kwenye nchi tambarare inayonyweshwa na maji ya Mto Lumi, ambao chanzo chake ni Mlima Kilimanjaro na mwisho wake ni Ziwa Jipe. Ni nchi ya mifereji. Kila msimu mifereji hiyo huzibuliwa, hupanuliwa au huhamishwa, na mto unapofurika, maji nayo huchimba kwa namna yake pasipo kumwomba mtu ruhusa. Kebo yoyote inayozikwa katika udongo wa aina hii huishi jirani na jembe mwaka mzima.

Ikumbukwe kwamba hadi katikati ya mwaka 2009 Kenya ilitegemea setilaiti kupata intaneti kutoka ng'ambo, kwa gharama kubwa na kwa mwendo wa kobe. Mwezi Juni mwaka huo kebo ya TEAMS, iliyotandazwa baharini kutoka Fujairah katika Milki za Kiarabu, ilifika Mombasa. Julai 23 kebo ya SEACOM ikaanza kazi, na mwaka uliofuata ikaja EASSy. Tangu hapo nyingine zimeongezeka. Kutoka Mombasa data hupanda kwenda bara kwa kebo zilizofuata barabara kuu na reli, kupitia Voi. Anayekwenda Taveta huchepuka hapo Voi, akapita Mwatate, Bura na Maktau, safari inayozidi kilomita 100, sehemu yake ikiwa katika nyika ya Tsavo Magharibi.

Mwisho wa njia hiyo ni mpaka wa Tanzania. Katika kituo cha pamoja cha Taveta na Holili, lori halivuki kabla ya stakabadhi zake kuonekana kwenye kompyuta za forodha. Isitoshe, milingoti mingi ya simu siku hizi hulishwa data kwa faiba. Mchuuzi wa ndizi anayelipwa kwa M-Pesa katika soko la Taveta anaweza kukaa mwaka mzima bila kugusa kompyuta, lakini kebo ikikatika naye huumia pamoja na afisa wa forodha na muuguzi wa hospitali.

Neno moja kuhusu istilahi. Wenzetu wa Tanzania wana Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano. Huku Kenya watu wengi, tangu fundi hadi waziri, husema "faiba" basi, na makala haya yatawafuata hao wengi.

Uzi mmoja wa faiba ni kioo chenye unene wa maikromita 125, yaani sehemu moja kwa nane ya milimita. Katikati yake mna kiini cha maikromita 9 hivi, na humo ndimo mwanga unamosafiri. Kioo kinachokizunguka kiini hicho kimetengenezwa kwa namna iliyo tofauti kidogo, hivi kwamba mwanga unapotaka kutoka nje hurudishwa ndani. Juu yake hupakwa utando wa plastiki unaoufanya uzi wote ufikie maikromita 250.

Usafi wa kioo hicho ni jambo la kustaajabisha. Mwaka 1966 Charles Kao, mzaliwa wa Shanghai aliyekuwa akifanya kazi Uingereza, alionyesha pamoja na mwenzake George Hockham kwamba mwanga ulikuwa ukififia ndani ya kioo kwa sababu ya uchafu uliomo, na kwamba uchafu huo ukiondolewa mwanga ungeweza kwenda mbali. Mwaka 1970 kampuni ya Corning ya Marekani ilipata uzi ambao, baada ya kilomita moja, ulibakisha zaidi ya asilimia 1 ya mwanga ulioingizwa. Hayo yalihesabiwa kuwa mafanikio makubwa. Kwa uzi wa leo, asilimia hiyo 1 hupatikana baada ya kilomita 100. Takriban mwendo wa kutoka Voi hadi karibu na Taveta. Kao alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 2009, mwaka uleule kebo za kwanza zilipotua Mombasa.

Kioo chembamba namna hiyo hakiwezi kuzikwa kikiwa uchi. Katika kebo ya kawaida ya kuzikwa ardhini, nyuzi 12 hukaa ndani ya mrija mmoja wa plastiki, zikiwa zimelegea katika jeli nzito inayozuia maji. Mirija kadhaa husokotwa kuuzunguka ufito mgumu ulio kama uti wa mgongo. Kisha huja nyuzi za manjano za aramidi, jamii ya zile zinazofumiwa fulana za kuzuia risasi, ambazo kazi yake ni kubeba uzito kebo inapovutwa. Aghalabu hufuata bati jembamba la chuma lililokunjwakunjwa kama mabati ya paa, kinga dhidi ya meno ya panya na ncha za mawe. Juu kabisa ndipo penye ganda la nje la polithini ngumu. Weusi wake ni wa kaboni iliyochanganywa humo ili jua lisilichakaze.

Ganda hilo lina unene wa milimita 2 hivi, na ndilo linalozuia maji ya mfereji yasiingie. Hapa ndipo tunaporejea kwa mkulima wetu na mkwaruzo wake.

Jembe likilipasua ganda bila kukata nyuzi, mwanga huendelea kupita na hakuna anayelalamika. Lakini maji huanza kupenya. Bati la chuma hushika kutu. Maji yakifika kwenye kioo kilichopindwa au kuvutwa, hata kwa kiasi kidogo, nyufa ndogo mno ambazo jicho haliwezi kuziona hukua polepole. Miezi ikipita, pengine katika msimu mwingine wa mvua, laini huanza kudhoofika, mara ipo mara haipo, mpaka siku moja inakatika kabisa. Wakati huo mfereji umejaa maji, na aliyegonga kebo amekwisha kusahau ni wapi.

Lau taarifa ingetolewa siku ileile, kazi ingekuwa nyepesi. Fundi angefukua sehemu hiyo, akahakikisha mirija ni mizima, akakausha na kusafisha, kisha akazungushia ganda jipya la plastiki linalojibana kwa moto juu ya jeraha. Hakuna uzi unaokatwa wala mteja anayekosa huduma. Kwa maoni ya mwandishi huyu, mashirika yenye kebo yanastahili lawama katika jambo hili. Mkulima anayeamini kwamba akisema atalipishwa fidia hatasema. Kigingi cha saruji chenye nambari ya simu, na ahadi ya wazi kwamba anayeripoti mkwaruzo hashtakiwi, ni rahisi kuliko kutuma gari lenye mitambo kutoka mbali usiku.

Tuchukue sasa kwamba kebo imekatika kabisa. Kazi ya kwanza ni kujua ni wapi, na hiyo hufanyika mbali na shamba. Katika kituo, fundi huunganisha mtambo uitwao OTDR, ambao hutuma vipigo vifupi vya mwanga ndani ya uzi na kusikiliza, tuseme, mwangwi wake. Ndani ya kioo mwanga husafiri karibu kilomita 204,000 kwa sekunde. Kipigo kikienda hadi mahali palipokatika, kilomita 40 kutoka kituoni, na kurudi, huchukua chini ya nusu ya sehemu moja kwa elfu ya sekunde. Mtambo hupiga hesabu na kuandika umbali.

Umbali huo, hata hivyo, ni wa uzi wala si wa barabara. Nyuzi hujisokota ndani ya kebo, na kebo yenyewe huachiwa mizunguko ya akiba kwenye mashimo ya ukaguzi. Tofauti ya asilimia 1 tu katika kilomita 40 ni mita 400, na mita 400 za kuchimba kwa sururu si mchezo. Kwa sababu hii, fundi aliye na ramani nzuri inayoonyesha kila kiungo na kila mzunguko wa akiba humaliza kazi mapema kuliko mwenzake mwenye mtambo ghali na ramani mbovu. Mara nyingi, pia, swali moja kwa wenyeji kuhusu ni nani aliyechimba jana hutosha.

Kebo ikishapatikana, haitoshi kuunga mahali palepale ilipokatika. Jembe au tingatinga huivuta kebo kabla ya kuikata, na nyuzi zinaweza kuwa zimevunjika ndani kwa mita kadhaa kila upande. Fundi hukata sehemu iliyoumia mpaka afikie kebo nzima, iliyo kavu. Iwapo kuna akiba ya kutosha karibu, huivuta na kuunga mahali pamoja. Ikiwa hakuna, huingiza kipande kipya cha kebo, na hapo viungo huwa sehemu mbili. Hesabu yake inatisha kidogo. Kebo ya nyuzi 48 itahitaji viungo 96. Fundi akitumia dakika 4 kwa kila kimoja, ni zaidi ya saa 6 za kuunga pekee, bado kuchimba, kuambua na kufunga.

Sasa ganda. Wasiojua hudhani kwamba hii ndiyo sehemu rahisi na kwamba kazi ya kitaalamu iko kwenye mashine ya kuunga. Lakini uharibifu mwingi wa mafundi wanagenzi hutokea hapa, pale mtu anapochukua kisu cha kawaida na kuimenya kebo kama anayemenya muwa. Kisu kikiteleza, hupenya hadi kwenye mrija na kutia kovu kwenye nyuzi mbili au tatu. Kovu hilo halionekani siku hiyo. Huonekana baadaye, kiungo kikiwa kimekwisha kufungwa na kufukiwa.

Fundi anayeijua kazi yake huanza kwa kuifuta kebo matope, kisha hupima urefu wa ganda la kuondoa, kwa kawaida zaidi ya mita moja, kwa kadiri kasha la kiungo linavyotaka, na hutia alama kwa utepe. Kifaa chake kina wembe mdogo unaoweza kurekebishwa kina. Kwanza hukijaribu kwenye kile kipande kilichotupwa. Huurekebisha wembe uingie karibu unene wote wa ganda bila kuumaliza, akauzungusha kwenye alama mpaka upate duara kamili. Akiipinda kebo kidogo mahali hapo, ganda hupasuka lenyewe kwenye duara, na wembe haujagusa kilicho ndani.

Baada ya duara huja mkato wa urefu. Kebo nyingi zina uzi imara uliolazwa chini ya ganda makusudi kwa kazi hii. Fundi huondoa kwanza kipande kifupi cha ganda kwenye ncha, akautafuta uzi huo, akauviringisha kwenye koleo na kuuvuta kwa nguvu kuelekea kwenye duara. Ganda hupasuka pamoja na bati lililo chini yake, kama ganda la haragwe linavyofunguka kwenye mshono wake. Glavu ni za lazima, kwa kuwa kingo za bati hilo hukata mkono kama wembe.

Nyuzi za aramidi hukatwa kwa mkasi maalumu, lakini haziondolewi zote. Sehemu yake, pamoja na ule ufito wa katikati, hufungwa kwenye kasha la kiungo ili siku kebo itakapovutwa tena mzigo usianguke juu ya kioo. Fundi aliyechoka anaweza kuiruka hatua hii asigunduliwe siku hiyo.

Mirija nayo hukatwa duara kwa kifaa chake kidogo na kuchomolewa taratibu. Nyuzi hutoka zikiwa zimejaa jeli, na hufutwa kwa kiyeyusho na vitambaa visivyoacha vumbi. Ndipo rangi zinapoonekana. Mpangilio unaotumika sana ni buluu, machungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe, nyekundu, nyeusi, manjano, zambarau, waridi na feruzi, na mirija hufuata mpangilio huohuo. Buluu huungwa na buluu ya mrija wenye rangi ileile. Saa nane za usiku, kwa mwanga wa tochi, kijivu na nyeupe hufanana mno, na anayezichanganya hupeleka laini ya mteja mmoja kwa mwingine.

Kabla ya kuungwa, kila uzi huvuliwa utando wake wa plastiki kwa urefu wa sentimita 3 hivi na kufutwa kwa alkoholi safi. Kisha hukatwa kwa kifaa kinachoukwaruza upande mmoja na kuupinda uvunjike wima kabisa. Ncha ikishakatwa haifutwi tena wala haiguswi. Ncha mbili huwekwa katika mashine ya kuunga, ambayo huzitazama kwa kamera, huzilinganisha, kisha hupitisha cheche ya umeme yenye joto linalozidi nyuzijoto 1,600. Kioo huyeyuka na kuwa kitu kimoja. Kiungo kizuri hupoteza chini ya desibeli 0.05, yaani takriban asilimia 1 ya mwanga. Chembe moja ya vumbi la Taveta yatosha kukiharibu, na ndiyo maana mafundi hufanyia kazi hii ndani ya gari au hema hata kukiwa na joto la kuchoma.

Mambo mawili ya usalama yafaa kujulikana na kila anayepita karibu na kebo iliyokatika. Mosi, mwanga unaotumika ni wa leza na hauonekani kwa macho, kwa hiyo ncha inayoonekana giza inaweza kuwa inatoa mwanga unaodhuru jicho. Haifai kuichungulia. Pili, vipande vya kioo vinavyobaki ni vidogo kuliko mwiba wa mpungate na huingia mwilini bila kuonekana. Mafundi huvikusanya katika chupa yenye kifuniko, na hawali wala kunywa mahali hapo. Watoto wasiruhusiwe kuokota nyuzi hizo za rangi za kupendeza.

Wapo pia wanaoikata kebo kwa makusudi. Katika miaka ya 2000 nyaya za shaba za simu ziliibwa kwa wingi nchini na kuuzwa kama vyuma vikuukuu, na mwaka 2022 serikali ilisitisha kwa muda biashara hiyo kufuatia uharibifu wa miundomsingi ya umeme. Mazoea hayo yamehamia kwenye faiba, ingawa haina shaba. Mwizi huambua ganda akakuta plastiki, jeli na kioo kisicho na mnunuzi, kisha hukiacha kandokando ya barabara.

Baharini hali ni hiyohiyo, ila gharama ni ya meli. Februari 2012 meli iliyotia nanga mahali palipokatazwa karibu na bandari ya Mombasa ilikata kebo ya TEAMS, siku chache tu baada ya kebo nyingine kukatika katika Bahari ya Shamu. Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika karibu na pwani ya Afrika Kusini, na intaneti ikazorota Kenya, Tanzania na kwingineko hadi meli ya Léon Thévenin ilipotumwa kuzitengeneza. Ndani ya meli, kebo ikishanyanyuliwa kutoka sakafu ya bahari, mafundi hufanya yaleyale: huambua, husafisha, huunga na kufunika.

Turudi kwenye shimo letu. Kila kiungo huvalishwa mfuko mdogo unaojibana kwa joto, kisha hupangwa katika trei. Nyuzi huzungushwa kwa mizunguko mipana, kwa kuwa uzi ukipindwa mno mwanga huvuja kwenye kona. Kasha hufungwa kwa mpira wa kuzuia maji, na katika nchi ya mifereji kama Mboghoni mpira huo ni muhimu sawa na mashine yenyewe. Kituo hupima kila uzi kutoka pande zote mbili, maana kiungo kibovu huweza kuonekana kizuri kikitazamwa kutoka upande mmoja. Matokeo yakiwa mazuri, kebo ya akiba hulazwa kwa mzunguko, udongo usio na mawe hutangulia, utepe wa onyo hutandazwa juu yake, na shimo hufukiwa. Fundi huandika katika daftari umbali mpya na mahali kasha lilipo, ili mwenzake atakayekuja mwaka ujao asichimbe mita 400 akilitafuta.